Ghuba ya San Francisco: Nani alipie uwanja?

Tarehe 26 Septemba 2024 watu 46,889 walijaa kwenye uwanja wa Coliseum, Oakland, California, kuiona timu yao ya besiboli, Athletics, ikiifunga Texas Rangers 3-2. Ilikuwa mechi ya mwisho. Baada ya hapo timu ikahama. Warriors wa mpira wa kikapu walishavuka ghuba kwenda San Francisco mwaka 2019, na Raiders wa futiboli ya Kimarekani wakahamia Las Vegas mwaka 2020. Mji uliokuwa na timu tatu kubwa ukabaki mikono mitupu ndani ya miaka mitano. Ng'ambo ya maji, Giants wa San Francisco, nao wa besiboli, wako palepale ufukweni. Inauma zaidi ukikumbuka kwamba San Francisco nayo ilikataa kumjengea tajiri uwanja kwa kodi za wananchi. Mbona mmoja alikataa akabaki na timu, mwingine akakataa akaachwa?

Zamani kila mchezo ulikuwa na kwake. Seals Stadium ya mwaka 1931 ilikuwa ya besiboli. Kezar, iliyofunguliwa 1925 pembeni ya bustani ya Golden Gate, ikawa nyumbani kwa 49ers wa futiboli. Miaka ya 1960 ikaja fikra ya uwanja mmoja wa zege, mali ya umma, utumiwe na wote. Candlestick ya San Francisco ilifunguliwa 1960 kwa ajili ya Giants, na 49ers wakaingia 1971. Coliseum ilianza na Raiders mwaka 1966, Athletics wakafuata 1968 wakitokea Kansas City.

Hoja ilikuwa na mashiko: besiboli huanza majira ya kuchipua, futiboli huanza msimu wa besiboli ukikaribia kwisha, sasa mlipakodi ajenge viwili vya nini? Shida ilikuwa umbo. Uwanja wa besiboli huanzia kona moja ukatanuka kama upepeo. Wa futiboli ni mstatili. Ukiwapa hawa raha, wale wanakaa mbali. Aliyewahi kutazama mechi Uwanja wa Mkapa, kati yake na wachezaji kukiwa na njia ya riadha, anaijua adha hiyo. Pale Coliseum, kila Septemba, ule udongo wa kahawia wa besiboli ulikuwa bado umelala katikati ya uwanja wa futiboli, na mchezaji aliyekumbatia mpira aliangushwa juu ya ardhi ngumu badala ya nyasi. Shida ya Candlestick ilikuwa upepo. Julai 1961, kwenye mechi ya nyota wa ligi zote mbili, mrushaji Stu Miller aliyumbishwa na upepo akiwa anajiandaa kurusha, na mwamuzi akamhesabia kosa. Walipozungushia majukwaa uwanja mzima kwa ajili ya 49ers walitumaini upepo ungezuilika; ukaendelea kuzunguka humohumo ndani.

Kwa hiyo waliotaka viwanja tofauti siwalaumu. Ila kilichopotea nacho kisemwe. Shabiki wa Oakland alishuka kwenye treni ya BART, akavuka daraja la miguu, akawa ameshafika getini. Tangu 2014, 49ers wa San Francisco wanacheza Santa Clara, zaidi ya kilomita 60 kutoka kwenye jiji wanalobeba jina lake.

Tuje kwenye fedha, maana ndipo penye kidonda. Raiders walishaitoroka Oakland mwaka 1982 wakaenda Los Angeles. Ili warudi mwaka 1995, mji na Kaunti ya Alameda walikopa karibu dola milioni 200 kwa hatifungani, wakaongeza majukwaa. Likainuka jabali la zege ambalo watu waliliita Mount Davis, kwa jina la mmiliki wa Raiders, Al Davis, likawaziba mashabiki wa besiboli wasione tena vilima vya Oakland. Deni lilitegemewa kulipwa na mauzo ya haki za viti, yaani shabiki hulipa kwanza ili apate haki ya kununua tiketi za msimu. Mauzo hayakufika walikotarajia, mzigo ukawaangukia walipakodi, na Raiders wakahama tena deni likiwa halijaisha.

San Francisco wapiga kura walikataa mpango wa uwanja mpya wa Giants mwaka 1987, wakakataa tena 1989. Giants wakajaribu Santa Clara na San Jose, nako wakakataliwa. Mwaka 1992 mmiliki, Bob Lurie, akakubali kuiuza timu iende Florida. Wanaousifu msimamo wa jiji lile huliruka hili: walikaribia kabisa kuikosa. Kundi la wawekezaji likiongozwa na Peter Magowan ndilo lililoinunua, likajenga kwa karibu dola milioni 357, nyingi zikiwa za watu binafsi, kwenye ardhi iliyokodiwa kutoka mamlaka ya bandari. Ulipofunguliwa mwaka 2000, mipira ilianza kupaa nje ya ukuta na kutua majini, watu wakiisubiri kwenye mitumbwi.

Basi wanaosema "kataeni, watajenga wenyewe" wanayo San Francisco ya kuonyesha. Wanaosema "msipotoa, wataondoka" wanayo Oakland, ambako mazungumzo ya kujenga uwanja mpya mahali paitwapo Howard Terminal, kando ya bandari, yalivunjika 2023, na jimbo la Nevada likaidhinisha hadi dola milioni 380 kuwavuta Athletics. Kwangu mimi tofauti ni mifuko. San Francisco ilikuwa na matajiri wa hapohapo na makampuni ya kununua viti vya bei ghali, ikawa pia na kiwanja cha ufukweni karibu na maofisi. Kukataa ni silaha kali mkononi mwa aliye navyo.

Hata hivyo nasimama na waliokataa. Oakland ilishalipa mara moja, na kulipa hakukuzuia Raiders kuondoka. Juni 2023 watu zaidi ya 27,000 walikwenda Coliseum makusudi, wengi wamevaa fulana za kijani zilizoandikwa neno moja la kumtaka mmiliki wa Athletics auze timu. Waliipenda timu ile, ila hawakuwa tayari kulipishwa mara ya pili.

Candlestick ilibomolewa 2015. Coliseum bado imesimama. Mwaka 2025 iliingia Oakland Roots, timu ya soka ambayo maelfu ya mashabiki wake wamenunua hisa, na mechi yao ya kwanza pale ilivuta watu zaidi ya 20,000.