Nabwana wa Wakaliga: Kazi Nyingi Mikononi mwa Mtu Mmoja

Isaac Nabwana, Mganda aliyewahi kufyatua matofali kabla ya kuanzisha Ramon Film Productions katika mtaa wa Wakaliga, Kampala, mwaka 2005, huandika muswada, huongoza, hushika kamera na kuhariri, na kompyuta anazotumia huziunganisha mwenyewe kwa vipuri. Filamu yake ya mwaka 2010, “Who Killed Captain Alex?”, ambayo amesema iligharimu chini ya dola 200, ilimpatia mashabiki duniani kote kupitia YouTube. Linalobishaniwa ni iwapo wingi huo wa stadi ndio nguvu ya kazi yake au ni mzigo aliotwishwa na uhaba.

Wanaomsifu wana hoja nzito. Mwandishi anayejua kwamba kesho atashika kamera na baadaye atakaa kuhariri haandiki tukio asiloweza kulitekeleza. Helikopta inayoishambulia Kampala katika filamu hiyo iliwezekana kwa kuwa aliyeiwaza ndiye aliyeijua kompyuta. Isitoshe, DVD zake zilitembezwa nyumba kwa nyumba na waigizaji wenyewe, wakishindana na maharamia wa kunakili, na katika soko la namna hiyo kasi ya mtu asiyesubiri idhini ya yeyote ni mtaji.

Hata hivyo, nakala ya awali ya filamu hiyo haipo tena. Nabwana aliifuta ili apate nafasi ya kazi iliyofuata, na iliyosalia ni ile yenye masimulizi ya VJ Emmie, msimulizi anayetia maelezo na vichekesho filamu ikiendelea, juu ya picha. Wengi hukisimulia kisa hiki kama kichekesho, jambo linalonisikitisha, kwa sababu ni hasara halisi kwa sinema ya Afrika Mashariki. Anayefanya kila kitu huwa pia ndiye mtunza kumbukumbu, na diski inapojaa hulazimika kuchagua kati ya filamu aliyokwisha kuimaliza na ile anayotamani kuianza.

Sifa ya kufanya yote peke yake nayo haielezi ukweli wote. Silaha za bandia zilitengenezwa na Dauda Bisaso kwa vyuma chakavu, na Alan Hofmanis, Mmarekani aliyehamia Wakaliga, alisaidia kulieneza jina la studio hiyo ng'ambo. Mwaka 2022 kundi la studio hiyo lilishiriki Documenta, maonyesho ya sanaa ya kisasa mjini Kassel, Ujerumani. Kazi ya Nabwana imepanuka kila alipopata wa kumwachia jambo. Kwa maoni yangu, uandishi, kamera na uhariri vibaki kwake, kwani humo ndimo ulimo upekee wake, lakini mauzo na uhifadhi haviiongezei sanaa yake chochote akivifanya mwenyewe. Taasisi za filamu za nchi zetu zingeweza kuanza kwa kutunza nakala mbili za kila filamu ya mtayarishaji huru anayeridhia, pasipo kudai hakimiliki yake.