Bashasha haingoji mwezi

Jana asubuhi kazini, hapa Hamburg, nilimsalimia mwenzangu kwa uso mkunjufu kama nilivyolelewa Moshi. Akaacha kumenya chungwa lake, akaniuliza: "Leo una gute Laune, kuna nini?" Yaani, kwa Kijerumani, moyo mkunjufu. Kuna nini! Salamu tu, ndugu zangu.

Lile neno lilinikera mpaka nikalichimba. Laune limetokana na luna, mwezi kwa Kilatini, maana watu wa kale huku waliamini moyo wa mtu hugeuka kadiri mwezi unavyogeuka. Hapo nikamwelewa. Kwake uchangamfu ni kama mbalamwezi: usipotoka, hakuna wa kukudai.

Sisi tuna bashasha. Tumeitoa kwa Waarabu, na kwao pia ni ule uso unaomchangamkia mtu. Sikilizeni tunavyoitumia: mgeni hupokewa kwa bashasha, hukaribishwa kwa bashasha. Lazima awepo wa kupewa. Bibi yangu kule Kibosho jino lilimnyima usingizi siku tatu. Hodi ilipopigwa alitoa kitambaa shavuni, akakisukumia chini ya mto, akafuta kigoda kwa pindo la kanga: "Karibu baba, karibu sana!" Mgeni akanywa chai, akaondoka hajui kitu.

Najua mtasema, "Huyu kafika Ulaya juzi, leo anatufundisha Kiswahili." Simfundishi mtu. Wala siwadharau Wajerumani. Shule na hela tumeyatoa kwao, na tunayatamka kila siku. Hili moja tu hatukuwa na haja ya kuwaazima.

Ila na nyinyi wa nyumbani mnaniudhi! Fundi wangu pale Mbuyuni alinipokea kwa bashasha mara nne, kiti na soda juu, na gauni la harusi ya dada yangu halijaguswa hata mkasi. "Njoo kesho, dada yangu." Huyu wa chungwa akisema saa tatu, saa tatu yupo, uso umefungwa kama maduka ya huku Jumapili, lakini kazi imekwisha. Hilo nalisifu, na mnaonuna nuneni.

Msiniambie basi kwamba bashasha yenyewe ni unafiki. Fundi alikuwa ananizungusha. Bibi alimzungusha nani? Mgeni wake alikuwa ametoka Uru kwa miguu, na lile jino halikuwa lake.