The Last Dinner Party: pandikizi la lebo au bendi ya jasho lake?

Julai 2022, bustani ya Hyde Park jijini London, bendi ya watu watano iitwayo The Last Dinner Party ilipanda jukwaani siku ya onyesho la Rolling Stones, bendi kongwe ya roki. Haikuwa imetoa hata singo moja. Mwaka uliofuata, wimbo wao wa kwanza ulipotoka ukiwa na video ya kifahari na ala za okestra, mtandaoni likazuka neno moja: pandikizi. Yaani lebo (kampuni ya kurekodi na kuuza muziki) imewaokota watu, imewavisha magauni ya kizamani, kisha inatuuzia kama bendi iliyojichipukia yenyewe.

Mlolongo wa matukio hauungi mkono shutuma hiyo. Abigail Morris (sauti), Lizzie Mayland (gitaa) na Georgia Davies (besi) walifahamiana wakisoma London, wakapanga bendi, korona ikawafungia ndani. Wakajiunga Emily Roberts, mpiga gitaa la kuongoza anayepuliza pia filimbi, na Aurora Nishevci wa kinanda, wote wawili wakiwa wamefundwa muziki chuoni. Onyesho la kwanza lilikuwa Novemba 2021. Baadaye wakapiga Windmill, baa ndogo ya Brixton ambako bendi nyingi za kusini mwa London huanzia. Shabiki mmoja aliyezoea kurekodi maonyesho ya pale akaiweka video yao YouTube, na video hiyo ndiyo iliyowaletea mameneja wa kuwasimamia. Lebo ya Island ilifuata nyuma. "Nothing Matters" ikatoka Aprili 2023.

Kuchelewesha kurekodi kulikuwa mkakati, na una faida zake. Bendi ikitoa nyimbo mapema hupimwa kwa rekodi ya bei nafuu, na wimbo ukishatoka haurekebishiki. Ikipiga jukwaani kwanza, inaona ubeti upi unawafanya watu wageukie kaunta na kiitikio kipi kinawarudisha. Wanaotaka kusikia hawana budi kununua tiketi. Lakini mkakati huo una gharama yake pia: aliyekuwa nje ya London haioni ngazi, anaona watu wameshafika darini. Desemba 2023 wakatangazwa washindi wa tuzo ya chipukizi ya Brit (tuzo za muziki za Uingereza), Januari 2024 BBC ikawataja wa kwanza katika orodha yake ya wasanii wa kutazamwa, na tarehe 2 Februari albamu "Prelude to Ecstasy" ikatoka na kuingia moja kwa moja namba moja Uingereza. Kwa mtu aliyewafahamu Oktoba, hiyo ni miezi minne tu. Kushuku ni haki yake.

Hata hivyo, pandikizi lina alama zake: watunzi wa kukodi, wanabendi waliokutanishwa kwa usaili, mitindo iliyochaguliwa na ofisi. Hapa nyimbo ni zao, na ile okestra inayofungua albamu imepangwa na Nishevci mwenyewe. Lebo ilitoa pesa, prodyuza (James Ford, aliyefanya kazi nyingi na bendi ya Arctic Monkeys) na msukumo wa redioni. Hiyo ndiyo kazi ya lebo. Watetezi wao huongeza kwamba neno pandikizi huwaangukia wasanii wa kike haraka kuliko vijana wanne wa kiume wenye koti za ngozi, na hilo mimi sina la kulipinga.

Wakosoaji wana hoja nyingine, iliyo nzito zaidi, ingawa huichanganya na ile dhaifu. Morris alisoma Bedales, shule ya ada kubwa. Kupiga muziki London mwaka mzima na zaidi bila rekodi ya kuuza kunadai kodi ya nyumba iliyolipwa, muda wa mazoezi, na moyo usiotetemeka malipo ya usiku yakigawanywa mara tano. Hawana mpiga ngoma wa kudumu, kwa hiyo wa kukodi naye lazima alipwe. Ukiongeza mavazi ya kushonesha, kinanda, filimbi na magitaa, gari la mizigo linakuwa kubwa na muda wa kufunga vyombo unarefuka, wakati baa ndogo zinawapa bendi dakika chache sana kati ya mmoja na mwingine. Muziki wa namna hii ni ghali kabla haujaingiza senti. Si kosa lao, ila ni ukweli unaoeleza kwa nini wengi wenye vipaji vya aina hiyo hatuwasikii.

Tuingie kwenye muziki wenyewe. Wao hawafichi wanakotoka: waimbaji David Bowie na Kate Bush, bendi za Queen na Sparks, wote wa muziki wenye maigizo. (Msomaji wa pwani anaweza kutabasamu hapo kwenye Queen, maana Freddie Mercury, sauti iliyoibeba bendi ile, alizaliwa Mji Mkongwe, Zanzibar, mwaka 1946.) Swali ni kama wameurithi utamthilia, yaani kuufanya wimbo uwe kama mchezo wa kuigiza, au mavazi yake tu.

Utamthilia wa kweli katika roki hukaa kwenye mpangilio wa wimbo. Sikiliza "Caesar on a TV Screen": unaanza taratibu kama mtu anayejisemesha, mwendo unabadilika ghafla na kuwa wa kujigamba, kisha unavunjika tena. Kila badiliko la mwendo ni badiliko la mhusika, na Morris hubadili sauti pamoja nalo, kutoka kunong'ona hadi kupaza. Mwimbaji akivaa suruali ya jinzi, tamthilia ile bado ipo. Katika "Nothing Matters" ubeti umeachwa mwembamba makusudi ili kiitikio, chenye tusi ambalo redio zililazimika kuliziba, kiangukie mahali palipo wazi; solo ya gitaa ya Roberts inakuja baadaye kama mhusika mpya. "Gjuha", ambayo Nishevci anaiimba kwa Kialbania, ni fupi na haina mbwembwe, na kwa maoni yangu ndiyo inayoishikilia nusu ya pili ya albamu.

Panapoharibika ni pale ambapo kila kitu kinataka kuwa kilele. Albamu ina nyimbo 12, na kadhaa zinafuata njia ileile: mwanzo wa upole, mlima, kishindo cha mwisho. Sikio likishajua kishindo kinakuja, hakishtui tena. Pia ala za okestra zikijaza masafa ya katikati, yaani sauti zisizo nzito wala nyembamba, gitaa na sauti vinagombea nafasi iliyobaki. Katika ziara ya kawaida okestra haipo, kinanda kinabeba kazi yake, na baadhi ya nyimbo zinapumua vizuri zaidi. Anayesema wanapendeza zaidi jukwaani kuliko kwenye rekodi ana sababu ya kiufundi.

Jukwaa hilohilo ndilo linalowala. Kate Bush alifanya ziara yake mwaka 1979 akiimba na kucheza kwa pamoja. Fundi wake ilibidi aunde kipaza sauti cha kichwani kwa waya wa kutundikia nguo ili mikono ibaki huru. Baada ya hapo hakurudi na maonyesho yake mwenyewe hadi 2014, na aliporudi alikaa ukumbi mmoja wa London kwa usiku 22, bila kusafiri. The Last Dinner Party hawana nafasi hiyo, kwani biashara ya leo inamtaka msanii barabarani. Oktoba 2024 walifuta maonyesho ya mwisho ya ziara yao ya Uingereza, wakisema wamechoka kimwili, kiakili na kihisia. Mwimbaji anayekimbia jukwaa zima katika gauni lililobana mbavu hutumia pumzi kuliko aliyesimama na gitaa, na kesho yake koo ni lilelile.

Albamu ya pili, "From the Pyre", ilitoka Oktoba 2025 chini ya prodyuza Markus Dravs ikiwa na nyimbo 10. Hapo naona wamejifunza kugawa mzigo: Nishevci anaongoza "I Hold Your Anger", na "The Scythe" inaruhusiwa kuwa ballad ya huzuni bila kuvikwa taji. "This Is the Killer Speaking" bado ni mchezo wa kuigiza, tena wa vichekesho vya damu. Aliyewachoka mwaka 2024 hatageuzwa na wimbo huo.

Kuhusu pesa, wao wenyewe wamesogea karibu na wakosoaji wao. Walipopokea tuzo ya Brit ya msanii mpya mwaka 2025 walitumia muda wao kuzitetea kumbi ndogo huru. Shirika la Music Venue Trust lilihesabu kumbi 125 za aina hiyo zilizoacha muziki wa jukwaani Uingereza mwaka 2023 pekee.

Anayetaka kuamua mwenyewe atazame kwanza video ile ya Windmill, isiyo na okestra wala pesa ya lebo, ndipo asikilize albamu. Kilichomo katika zote mbili ni cha bendi. Kilichozidi kwenye albamu ndicho lebo ilicholipia.