Adabu Imeniponza

Kiwanja changu ni kizuri kwenye ramani lakini ni jela kwa mwenye miguu, kwa kuwa pande tatu zimezibwa na viwanja vya watu, na upande wa nne ni korongo. Kwa miaka 21 nimekuwa nikiifikia barabara kwa kupita ubavuni mwa nyumba ya jirani, kati ya ukuta wake na kamba ya kuanikia nguo. Kila asubuhi, kwa sababu nililelewa nikaleleka, nilikuwa nikikohoa kidogo, nikainama chini ya shuka zinazochuruzika maji, na kusema, "Naomba njia, jirani." Naye akijibu, "Pita tu." Sikujua kwamba kwa maneno hayo nilikuwa nikijichimbia kaburi la kisheria, kila siku koleo moja.

Mwezi uliopita alisimamisha lango akalitia kufuli. Sikugombana naye. Nilikwenda kwa wakili kifua mbele, kwani nilikwisha kusikia kwamba katika nchi nyingi zilizorithi sheria ya Uingereza, mtu akipita katika ardhi ya mwenzake kwa miaka 20 mfululizo, anaweza kuidai njia ile kuwa haki yake; Waingereza wenyewe waliliandika jambo hilo katika sheria yao ya mwaka 1832, na mimi nilikuwa na mwaka mzima wa akiba. Wakili alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaniuliza swali moja tu: "Ulikuwa ukiomba ruhusa?" Nikamjibu kwa fahari kwamba sijapata kupita bila kuomba, hata siku ya mvua. Akafunga faili.

Kumbe kanuni yenyewe, ambayo asili yake ni sheria ya Warumi, inataka mdai awe amepita bila nguvu, bila siri na bila ruhusa. Anayeomba njia amekwisha kukiri kwamba njia si yake, na anayekubaliwa amefanyiwa hisani, nayo hisani ya namna hiyo haigeuki kuwa haki hata ikiota mvi. Kwa maneno mengine, sheria inamtunza fidhuli: yule apitaye mchana kweupe bila salamu, shuka zikimpiga usoni naye akizisukuma kama pazia la nyumbani kwake. Mtu huyo angekuwa na hoja mahakamani. Mimi nina malezi.

Nikaomba tujaribu njia ya lazima, ile ambayo hutolewa kwa ardhi iliyozingirwa pande zote. Wakili akaja kukagua, akasimama ukingoni mwa korongo, akalitazama kwa muda mrefu na kwa utulivu wa mtu asiyetarajiwa kulishuka, kisha akasema, "Mtu anaweza kupita hapa akatokea barabarani." Nikamwarifu kwamba mbuzi alijaribu mara moja na hakurudia. Akanieleza kwamba sheria hii haiulizi kama njia nyingine ni nzuri, inauliza kama ipo. Ufaransa wana huruma zaidi: Kanuni yao ya Kiraia ya mwaka 1804 inamruhusu mtu ambaye ardhi yake haina njia ya kutosha kufika barabara ya umma adai kupitishwa kwa jirani, mradi alipe fidia. Kwa siku mbili nilikuwa Mfaransa moyoni.

Jirani naye hakulala. Alikuja na futi kamba akapima pale kwenye tangi la maji, njia inapokata kona, akapata sentimita 74, kisha akalipima toroli langu, akapata 70. Akatangaza kwamba hata kama ningekuwa na haki, ingekuwa ya miguu na si ya magurudumu. Nilitaka kumcheka, lakini wakili akaniambia kwamba Warumi hao hao walitenganisha njia ya mtu, ya mnyama na ya gari, na ile ya gari waliipa upana wa futi 8 mahali paliponyooka na 16 kwenye kona. Toroli sasa linalala nje.

Hatimaye alikubali kuondoa kufuli, nami nikaamua kuanza kuhesabu miaka 20 upya, safari hii bila adabu. Siku ya kwanza nilipita nimekaza shingo, sikukohoa wala sikusalimu. Dirisha likafunguka. "Pita tu, jirani, nimekuruhusu!" aliniita kwa sauti ambayo hata wakili wangu angeisikia. Kesho yake akatundika kibao kinachosema kwamba njia hii inapitwa kwa ruhusa ya mwenyewe. Nikafikiria kuking'oa, lakini hiyo ni nguvu. Sasa ninaamka kabla ya alfajiri ili nipite dirisha likiwa bado limefungwa, nikinyata, viatu mkononi, nikijua fika kwamba hiyo nayo ni siri.