Werner Herzog: meli ya kweli, mlango wa kubuni

Katika filamu za kuigiza, Werner Herzog hutaka kitu chenyewe. Katika filamu za makala, ambako mtazamaji ndipo anapotarajia kitu chenyewe, hubuni. Anayemjadili mwongozaji filamu huyu Mjerumani, mzaliwa wa Munich mwaka 1942, hana budi kuanzia kwenye mgongano huo.

Tuchukue Fitzcarraldo (1982). Tajiri wa biashara ya utomvu wa mpira aliyeichochea hadithi, Carlos Fermín Fitzcarrald, aliivusha meli yake ndogo ikiwa imefunguliwa vipande. Herzog akataka ya tani zaidi ya 300 ipandishwe mlima ikiwa nzima, kati ya mito Camisea na Urubamba nchini Peru. Mhandisi kutoka Brazil alipanga mwinamo wa nyuzi 20. Herzog akang'ang'ania 40, maana mlima usipoonekana mkali kwenye picha, kazi yote imepotea bure. Mhandisi akajitoa. Filamuni tunaona wenyeji wakizungusha winchi za mbao, ilhali tingatinga lililosaidia kuvuta limefichwa. Kwa hiyo hata ukweli huu una pazia lake.

Wanaomtetea husema hakuna meli ya kuchezea inayolemea udongo namna ile. Nakubaliana nao kabisa: uzito unauona kwenye matope yanayomomonyoka na nyaya zinavyokazwa. Ila waya ukikatika, au nguzo inayoushikilia ikang'oka, meli hurudi nyuma kwa kasi. Herzog hujibu kwamba watu walikaa nje ya njia ya meli. Sawa, lakini ridhaa ya wenyeji haikuwa jambo jepesi tangu mwanzo: mwaka 1979 kambi yake ya kwanza, katika eneo la Waaguaruna, wenyeji wa msitu wa Amazon nchini Peru, ilichomwa moto.

Sasa filamu za makala. Katika Little Dieter Needs to Fly (1997), rubani Dieter Dengler, aliyewahi kuwa mfungwa wa vita nchini Laos, anafungua na kufunga mlango wa nyumba yake mara kadhaa. Hiyo haikuwa desturi yake. Herzog alimwomba afanye hivyo. Katika tamko lake la Minnesota la 1999, kuhusu ukweli katika filamu za makala, Herzog aliuita ukweli wa matukio matupu ukweli wa wahasibu, yaani wa juu juu, akidai kwamba ubunifu hufikia ukweli wa ndani zaidi. Kwa Dengler hoja hiyo inasimama: mhusika aliridhia, na picha za milango iliyo wazi zilikuwa kweli ukutani kwake.

Kwa Bells from the Deep (1993), filamu yake ya makala kuhusu imani nchini Urusi, haisimami. Mahujaji wanaotambaa juu ya barafu walikuwa walevi waliolipwa. Hapo imani ya watu wengine imesemewa na wasiohusika, na mtazamaji hakuambiwa.

Hasara yake inafika hadi kwetu. Mwaka 1969 Herzog alitoa filamu kuhusu madaktari warukao, yaani wanaowafikia wagonjwa kwa ndege, iliyopigwa Kenya, Uganda na Tanzania, kazi aliyoiita ripoti tu. Humo wanakijiji wanaoneshwa mabango ya afya, moja likiwa limegeuzwa juu chini, na wengi wao wanashindwa kulitambua lenye jicho. Kwa mhudumu wa afya, hilo ni somo kubwa kuhusu namna watu wanavyosoma picha, mradi liwe lilitokea hivyo. Baada ya kujua ya Urusi, unalitazama tena bango lile ukijiuliza kama nalo lilipangwa, na ndani ya filamu hamna cha kukujibu.