Ukibadili Majina ya Mitaa, Hujahamisha Mji

Edgar Allan Poe hakukanyaga Paris maisha yake yote. Hata hivyo, mwaka 1841, alipoandika hadithi ambayo wengi tunaihesabu kuwa ya kwanza ya upelelezi kwa maana tunayoijua leo, hakuiweka Philadelphia alikokuwa akiishi. Aliipeleka Paris, kwenye mtaa wa Rue Morgue, ambao ni wa kubuni. Mwaka uliofuata akarudi katika Paris hiyohiyo ya kichwani mwake kwa hadithi nyingine, The Mystery of Marie Rogêt. Nimezisoma zote mbili mara nyingi, na kila nikizirudia nakuta jambo lilelile: ya kwanza ina uhai, ya pili ni kama maiti yake yenyewe. Mwandishi ni mmoja, mpelelezi ni mmoja, mji ni mmoja. Kwa muda mrefu sikujua kwa nini zinatofautiana kiasi hicho. Siku hizi nadhani najua, na ndilo jambo lililonifanya nibadili namna ninavyosoma riwaya zote za uhalifu.

Katika hadithi ya Rue Morgue, mama na binti yake wanauawa kikatili ghorofani, mlango wa chumba ukiwa umefungwa kwa ndani. Ni saa tisa usiku. Mayowe yanawaamsha watu, wanakimbilia ngazi, na huko juu wanasikia sauti mbili zikigombana. Moja ni ya Mfaransa, hilo hawabishani. Ya pili ndiyo kitendawili. Askari Mfaransa anasema ilikuwa Kihispania. Mholanzi anaapa kuwa ilikuwa Kifaransa. Mwingereza, fundi wa nguo, anadhani ni Kijerumani. Mhispania, ambaye kazi yake ni mazishi, anasikia Kiingereza. Mwitalia anasikia Kirusi. Na karibu kila mmoja anakiri kwamba lugha anayoitaja haijui!

Sitasema fumbo linafumbuliwaje, ingawa hadithi ina umri wa zaidi ya karne moja na nusu. Ninachotaka kionekane ni kwamba kidokezo kikubwa kuliko vyote kinategemea jengo moja ambalo watu wa mataifa matano wanaweza kukusanyika usiku wa manane kwa sababu wanaishi au wanafanya kazi jirani. Wamekaa karibu kiasi cha kusikia yowe la mwenzao, lakini hawaelewani lugha. Hali hiyo huipati kijijini. Kijijini wote wangesema "hatujawahi kusikia lugha ile", na hadithi ingekwisha ukurasa wa tatu. Poe hakuijua Paris kwa macho, lakini alielewa mji mkubwa ni kitu gani, akakifanya kitu hicho kuwa uti wa mgongo wa fumbo lake.

Hadithi ya pili ilitokana na kisa cha kweli. Julai 1841, maiti ya Mary Rogers, msichana aliyekuwa akiuza katika duka la sigara New York, ilikutwa katika mto Hudson. Magazeti yaliandika kila siku, na muuaji hakupatikana. Poe alikichukua kisa hicho, mto Hudson akauita Seine, Mary akamwita Marie, magazeti ya New York akayapa majina ya Kifaransa. Kisha akamketisha mpelelezi wake kwenye kiti asome magazeti na kutoa hoja. Hakuna ngazi anayopanda wala mlango anaogonga. Paris imeandikwa juu kama anwani kwenye bahasha, na barua iliyomo ndani ni ya New York. Ndiyo maana naiona imekufa. Kubadili majina ya mitaa si kuhamisha mji.

Tangu hapo, nikisoma riwaya ya uhalifu huwa najiuliza swali moja. Nikiung'oa uhalifu huu kutoka mji huu na kuupanda mwingine, je, utaota? Ukiota bila shida, mwandishi ametumia mji kama pazia la jukwaani. Usipoota, basi mji uko kazini. Na kazi yake ninavyoiona ni kuamua nani anaweza kumfikia nani, kwa njia gani, kwa muda gani, na nani atamwona njiani. Mengine yote, mvua, taa za usiku, moshi, ni mavazi.

Arthur Conan Doyle aliijua kazi hiyo vizuri. Wengi humsifu kwa ukungu wa London na farasi wanaokokota magari juu ya mawe. Mimi namsifu kwa treni. Mwaka 1891 alichapisha The Man with the Twisted Lip, ambamo bwana mmoja wa heshima anaishi na familia yake katika kitongoji nje ya London. Kila asubuhi hupanda treni kwenda mjini, kila jioni hurudi. Mkewe anajua mumewe "yuko mjini kikazi", basi. Siku moja, kwa bahati tu, mke anapita kichochoro karibu na mto, anainua macho na kumwona mumewe kwenye dirisha la ghorofa la nyumba mbaya, naye anatoweka papo hapo kama aliyevutwa kwa nyuma.

Fumbo hilo zima limejengwa juu ya maili chache za reli. Mji umempa mtu huyu kitu ambacho babu yake hakuwa nacho, saa nane au tisa kila siku ambazo hakuna anayemjua anayeweza kumwona. Anaweza kuwa mtu mmoja kwenye meza ya chakula na mtu mwingine kabisa barabarani, na dunia hizo mbili zisikutane miaka na miaka. Ziondoe zile reli, umwache aishi juu ya duka lake kama mafundi wa zamani, na huna hadithi.

Linganisha na Miss Marple wa Agatha Christie, aliyetokea katika riwaya yake ya kwanza mwaka 1930. Kijiji chake, St. Mary Mead, nacho kina mauaji, tena mengi kuliko inavyostahili. Lakini silaha ya bibi yule ni kumjua kila mtu. Anamtazama mshukiwa na kukumbuka kijana fulani aliyewahi kuiba, na tabia zinafanana. Katika mji mkubwa silaha hiyo haichomi, kwa sababu hakuna anayemjua kila mtu. Hapo ndipo anapohitajika mtu anayelipwa ili ajue. Hata fasihi yetu ya Kiswahili ilipita njia hizo mbili mapema. Bwana Msa wa Muhammed Said Abdulla, katika Mzimu wa Watu wa Kale ya mwaka 1960, anapeleleza mahali ambapo ukoo, shamba na minong'ono ya watu wanaojuana ndiyo inayobeba siri. Miaka mitano baadaye Faraji Katalambula akatoa Simu ya Kifo, na kichwa chenyewe kinaeleza mabadiliko: sauti inaweza kukufikia bila uso wa mwenye sauti.

Nani atamwona njiani? Hili ndilo ninalolipenda zaidi, na Georges Simenon ndiye mwalimu wake. Riwaya zake 75 za Maigret, mkuu wa upelelezi katika polisi ya Paris, zimejaa majengo ya mji huo, na karibu kila jengo lina mlinzi wa mlango, mara nyingi mwanamke, anayekaa katika chumba kidogo chini ya ngazi. Usiku mlango mkubwa hufungwa. Anayerudi hupiga kengele, na yule mama, bila hata kutoka kitandani, huvuta kamba au hubonyeza kitufe mlango ufunguke. Mpangaji hutaja jina lake akipita gizani.

Tazama utaratibu huo unavyomhudumia mwandishi. Kila anayeingia usiku ameacha alama katika usingizi wa mtu mmoja. Mlinzi anaweza kusema wangapi waliingia baada ya saa sita, lakini hakuona uso. Alisikia jina tu, na jina mtu yeyote anaweza kulitaja. Huo ni ushahidi, na papo hapo ni tundu katika ushahidi. Maigret anajua hivyo, kwa hiyo hakimbilii kumbana mshukiwa. Anakaa kwenye kile chumba kidogo chenye harufu ya kitoweo kilicho motoni, anamwacha mama yule alalamike kuhusu wapangaji, na taratibu jengo zima linajifunua, ghorofa baada ya ghorofa. Simenon hakuhitaji kutusimulia uzuri wa Paris. Alihitaji kujua kamba ile inavutwa vipi na nani anaivuta.

Raymond Chandler alifanya kitu kingine kwa Los Angeles katika The Big Sleep, mwaka 1939. Mzee tajiri amejenga jumba lake mlimani. Chini bondeni kuna visima vya mafuta vilivyompa utajiri, vingine vikiwa vimeachwa. Familia imepanda juu vya kutosha isisikie tena harufu ya yale maji machafu ya mafuta, lakini kutoka madirishani bado inaviona visima vilivyowatajirisha. Chandler anatuambia haya mwanzoni kabisa, kama mtu anayeelezea mandhari tu. Ukimaliza kitabu unagundua kwamba alikuonyesha kaburi. Umbali kati ya mlima na bonde ndio hadithi yenyewe: nani ameruhusiwa kutosikia harufu, na ni nani anayelipwa ashuke chini kwa niaba yao. Mpelelezi wa mjini, pengine pamoja na daktari na mtoza kodi, ndiye mtu pekee anayeweza kuingia jumba la tajiri na chumba cha mlevi siku moja, na kote huko wakalazimika kumfungulia mlango.

Kuna wanaosema ili uuandike mji hivyo ni lazima uishi humo. Sikubaliani nao. Chester Himes, mwandishi Mmarekani mweusi, alihamia Ufaransa mwaka 1953, na ni huko, kwa kuhimizwa na mhariri wa Kifaransa, alikoanza kuandika riwaya zake za polisi wawili weusi wa Harlem, mtaa wa watu weusi huko New York. Mwaka 1958 akatuzwa tuzo kubwa ya Ufaransa ya fasihi ya upelelezi. Harlem yake ilikuwa ya kumbukumbu na hasira, imetiwa chumvi mpaka inafanana na ndoto mbaya, lakini sheria zake hazivunjiki. Polisi wale wawili wanajua wapi watasikilizwa na wapi watafungiwa mlango, na wanajua wakuu wao weupe hawatajua kamwe kwa nini. Ed McBain alikwenda mbali zaidi: kuanzia mwaka 1956 aliandika riwaya za kituo kimoja cha polisi katika mji ambao haupo, na akawa akitangaza mwanzoni mwa vitabu kwamba mji huo ni wa kubuni. Wasomaji waliitambua New York papo hapo. Unachohitaji ni kujua milango ya mji wako inafunguliwaje, hata kama mji wenyewe uko kichwani.

Kwa hiyo nasikitika nikikutana na riwaya inayonitajia mitaa ishirini katika sura ya kwanza. Kona kushoto, kona kulia, jina la baa, jina la daraja. Mwandishi ameshika ramani, ameogopa kuiacha. Kisha mauaji yanatokea katika chumba ambacho kingeweza kuwa popote duniani, na ushahidi ni nywele iliyopelekwa maabara.

Huzuni kubwa zaidi ninayo kwa waandishi wa leo wanaoukimbia mji. Mwanafalsafa Walter Benjamin aliwahi kuandika kwamba kiini cha hadithi ya upelelezi, kijamii, ni kupotea kwa alama za mtu katika umati wa mji mkubwa. Sasa mambo yamegeuka. Kamera iko juu ya kila lango, simu mfukoni inaripoti kwenye minara kila inapopita, kadi ya malipo inaandika saa na mahali. Mji umekuwa mlinzi wa mlango asiyelala. Naona waandishi wengi wakipeleka hadithi zao kwenye theluji ya mbali ambako mtandao haushiki, au kurudi karne ya 19, na nadhani wamekata tamaa mapema mno. Tundu lile la Simenon bado lipo. Kamera imeona koti na kofia. Simu ilikuwa mahali fulani, lakini je, mwenye simu alikuwa nayo? Jina bado linaweza kutajwa gizani na mtu mwingine. Anatakiwa mwandishi atakayejifunza kamba mpya zinavutwaje, kwa uvumilivu uleule wa kukaa na kusikiliza malalamiko.

Mwaka 2017 polisi wa upelelezi wa Paris walihama ofisi zao za kando ya mto Seine, namba 36 ya Quai des Orfèvres, zilezile ambamo Simenon alimweka Maigret na kiko chake. Walikwenda kwenye jengo jipya kaskazini magharibi mwa mji, mtaa mwingine kabisa, Rue du Bastion. Jengo hilo lilipewa namba 36.