Kulungu Aliyekula Ratiba

Mimi hata sokoni Kariakoo siendi bila karatasi. Kwa hiyo mke wangu alipomaliza kozi yake Osaka, Japani, Novemba 2019, nami nikamfuata kwa likizo ya siku tano, nilishuka kwenye ndege na kurasa mbili za kaunta buku zilizojaa mbele na nyuma. Kalamu ya bluu kwa mambo ya kawaida, nyekundu kwa maonyo. Siku ya mji wa Nara peke yake ilikuwa na mistari 31: treni ipi, hekalu lipi kwanza, tule nini, hata pa kujisaidia na saa ya kujisaidia. Miezi miwili niliipanga, usiku, watoto wakishalala.

"Ipige picha hiyo karatasi," mke wangu akaniambia hotelini.

"Simu huzima, mama watoto. Karatasi haizimi."

Naomba mnikumbushe neno hilo baadaye.

Kutoka kituo cha Osaka Namba hadi Nara ni kama dakika 40 kwa treni. Mstari wa kwanza ulikuwa mochi, madonge ya wali uliotwangwa. Hapo mjini pana duka wanatwanga wali wa kunata mbele ya wateja, kinu na mchi kabisa, mmoja anapiga na mwenzake anatia mkono kinuni kuugeuza kati ya pigo na pigo. Mke wangu amekulia Lindi, ametwanga tangu hajaota meno ya utu uzima, lakini pale alisimama ameficha vidole vyake kwapani. Tukaenda mstari wa pili: kakinoha-zushi, chakula cha Nara hasa, kipande cha samaki wa chumvi juu ya wali, kimefungwa kwa jani la mti wa tunda liitwalo kaki. Kwenye ratiba nilikuwa nimeandika kwa wino mwekundu: JANI HALILIWI. Ila karatasi ilikuwa mfuko wa nyuma na mikono yangu ina samaki, nikaona haina haja ya kuitoa. Nikala jani. Nilitafuna mpaka mwenye duka akaja kunitazama.

Basi tukaingia mbugani kwa kulungu.

Wapo zaidi ya elfu moja, hawana zizi wala kamba, wanavuka barabara kama wenye mji. Na kwa kweli ni wenye mji. Inasimuliwa kwamba mungu Takemikazuchi alikuja Nara amepanda kulungu mweupe, ndipo likajengwa hekalu la Kishinto la Kasuga, na tangu hapo wanyama hawa huhesabiwa kuwa wajumbe wa miungu. Tangu 1957 serikali nayo inawalinda. Pana kibao chenye michoro minne ya kuonya watu: kulungu anang'ata, anapiga teke, anapiga kichwa, anaangusha bibi kizee. Nilikisoma chote. Hakuna mchoro wa kulungu anayeiba.

Tulinunua biskuti zao kwa yeni 200. Ni pumba za mpunga na unga wa ngano, ambazo kwetu zingeishia kwa kuku, na hata utepe wa karatasi unaozifunga umetengenezwa wakiula usiwadhuru. Kumbe ndiyo kusema hawa wameshafundishwa kwamba karatasi ni chakula!

Kulungu wa Nara huinama ukimwonyesha biskuti. Mmoja akaja mbele yangu, dume lililokatwa pembe, akainamisha kichwa polepole kama mkwe anayekuja kuposa. Mimi nimelelewa. Nami nikainama. Akainama tena, nikazidi kuinama. Na mtu akiinama hivyo, jamani, mfuko wa nyuma unabaki juu, wazi, kama kabati lisilo na mlango.

Nilisikia mvuto. Nikadhani ni mke wangu.

Kugeuka, jike moja lina ratiba mdomoni, siku zote tano, linatafuna kwa utulivu wa mtu anayesoma. Nikashika ncha, likavuta. Nikavuta. Mama muuza biskuti akapiga ukelele na kupunga mikono, sijui alikuwa upande wa nani. Karatasi ikachanika, mimi nikakaa chini kwa kishindo, mjumbe wa miungu akameza. Kwangu kilibaki kipande cha upana wa vidole viwili.

Mke wangu akakiokota, akakisoma kimya, akakitia kwenye pochi yake. Hakusema lolote, na mnajua kimya cha namna hiyo.

Tukaingia hekalu la Todai-ji tukiwa hatuna mpango. Budha wa shaba wa mita 15 ameketi humo, aliyezinduliwa mwaka 752, na mbele yake nilijiona kweli mdogo. Hilo ndilo lililoniponza. Nyuma yake ipo nguzo yenye tundu chini, inayosemwa upana wake ni sawa na tundu la pua la Budha huyo, na anayepenya hupata baraka. Watoto wa shule walikuwa wamepanga foleni, wanapita mmoja mmoja kama panya. Nikawaza: ratiba nimenyang'anywa, baraka nisikose.

Ratibani nilikuwa nimeandika jambo kuhusu nguzo hiyo, kwa wino mwekundu. Nililikumbuka pale kichwa na mabega vilipokwisha tokea upande wa pili na kitambi kikagoma: KUTAZAMA TU.

Sikwenda mbele wala nyuma. Nilipumua nusu nusu. Watoto wakacheka, kisha wakanionea huruma, wawili wakanishika mkono huu, watatu mkono ule, mwalimu wao akajipanga nyuma yao, wakaanza kuvuta kwa sauti moja: "Seeee-no!" Nikasogea kidole kimoja. "Seeee-no!"

Mke wangu akaja akachuchumaa mbele ya uso wangu. Akafungua pochi, akatoa kile kipande, akaangalia saa yake.

"Baba watoto," akasema kwa upole, "saa nane na robo hii. Ratiba inasema uko chooni."